Baba mkwe hakusikia kaa la moto, lakini shuka linamuunguza

Shikamoo Mama Nesi,

Mimi ni mama wa watoto wawili, naishi Rau hapa Moshi pamoja na mume wangu na wazazi wake. Nakuandikia kwa ajili ya baba mkwe. Ni fundi cherehani wa siku nyingi, kibaraza chake kiko mjini, na ana sukari tangu kabla sijaolewa hapa. Vidonge anameza, ingawa siyo kila siku, na kliniki anakwenda pale mama anapomsukuma.

Mwezi wa sita baridi ilipokolea, jioni moja alikuwa anaota moto kwenye jiko la mkaa, amevua viatu na miguu ameisogeza karibu. Mimi namenya ndizi pembeni. Nikasikia harufu ya kitu kinaungua, nikadhani ni kitambaa cha kuepulia sufuria. Kumbe kaa limedondoka, limekaa chini ya dole gumba la mguu wa kushoto, na yeye yuko palepale anasimulia habari za mpira. Nilipopiga kelele ndipo akatazama chini. Hakuruka wala hakuguna. Alilisukuma tu pembeni kwa mguu wa pili akaendelea na mpira wake.

Sasa ana kidonda. Cha ajabu, huyuhuyu ambaye kaa halikumshtua, usiku halali kwa kulalamika kwamba shuka linamuunguza. Blanketi likimgusa vidole vya miguu anashtuka. Mama ameweka boksi kitandani upande wa miguuni ili linyanyue blanketi. Shemeji anasema mzee anajidekeza: "Moto hausikii, shuka analisikia?" Jirani mmoja ananong'ona kwamba ni ukoma. Shangazi wa mume wangu yeye anataka apelekwe kwa mganga, eti kuna mtu wa kibaraza cha pili amemfunga mguu asikanyage cherehani.

Na hilo la cherehani ni kweli kuna kitu. Siku hizi anainama kutazama pedeli ili ajue kama mguu uko juu yake. Asubuhi akifumba macho kunawa uso anayumba, mpaka ashike ukuta. Lakini vidole vya mikono viko sawa kabisa. Umeme ukikatika, ukimpa vipande viwili vya kitambaa gizani atakwambia hiki pamba tupu, hiki kimechanganywa. Sasa kama ngozi ndiyo inayougua, mbona ya mikononi haijaguswa? Na kuna dawa, au ndiyo basi tena?

Nieleze taratibu, Mama, maana nataka nikimjibu shemeji niwe na la kusema.

Mkwe wa fundi, Moshi

*

Marahaba mwanangu, na poleni sana hapo nyumbani.

Maelezo nitakupa, tena kwa kirefu kwa kuwa umeyaomba, lakini kidonda kwanza. Hukusema kina siku ngapi wala kinaonekanaje. Mtu mwenye sukari akiungua mguu asisikie, haingojwi tarehe ya kliniki. Mpelekeni hospitali kesho asubuhi. Kama mguu umevimba, kuna usaha au harufu, ngozi ya pembeni imekuwa nyeusi, au mzee ana homa au anatetemeka, basi ni leo hii, hata ikiwa usiku. Vitabu vinasema utafute wekundu, ila kwenye ngozi zetu wekundu unajificha, kwa hiyo weka mgongo wa mkono wako kwenye mguu huu, kisha kwenye ule mwingine. Ukiwa mmoja una joto kuliko mwenzake, hapo kuna jambo. Kutoka Rau, hospitali za Mawenzi na KCMC zote hazipo mbali. Mpaka mfike huko, osheni kwa maji safi yaliyochemshwa yakapoa, funikeni kwa gozi safi, na asikanyagie kidonda. Dawa ya meno, masizi, mafuta ya breki: vyote nimevikuta kwenye vidonda vya watu nilipokuwa kazini, na vyote vilituongezea kazi.

Haya, sasa tuje kwa shemeji. Ameuliza kwa kejeli, lakini swali lake ni zuri kuliko anavyodhani. Inawezekanaje mtu asisikie moto na asikie shuka? Inawezekana kwa sababu ngozi haina hisia moja. Ina hisia kadhaa, kila moja ina vipokezi vyake na njia yake ya kupeleka habari, na ugonjwa unaweza kuua moja, ukaiacha nyingine, na ya tatu ukaivuruga mpaka ikawa inapiga kelele bila sababu.

Tuanze na mikono yake, maana ndiyo bado mizima na ndiyo itakayotufundisha. Siku moja mpe kipande cha kitambaa macho akiwa amefumba, lakini mwambie asikisugue. Aweke tu ncha ya kidole juu yake, atulie. Utaona anakwama, au anabahatisha. Mruhusu apitishe kidole mara moja tu, atakwambia papo hapo ni nini. Mwanasaikolojia mmoja Mjerumani, David Katz, aliliandika jambo hili mwaka 1925: ukwaruzo mkubwa kidole kinautambua hata kikiwa kimetulia, lakini ulaini wa kitambaa chenye nyuzi nyembamba hutambulika kwa mwendo. Kidole kikipita juu ya nyuzi zilizofumwa, ngozi inatetemeka, na mtetemo huo ndio unaosomwa.

Unasomwa na nini? Ndani ya ngozi isiyo na vinyweleo, yaani ya viganja na nyayo, kuna vipokezi vya mguso vya aina nne, na vimepewa majina ya wanasayansi waliovieleza. Chembe za Merkel ziko juujuu. Hizo hujibu muda wote ngozi inapobonyezwa, na ndizo zinazomwambia fundi hapa kuna ukingo, hapa kuna mshono, hapa pindo limekunjwa mara mbili. Vya Meissner navyo viko juu, ila tabia yao ni tofauti: vinajibu kitu kinapoanza kugusa, kinapoachia au kinapoteleza, kisha vinanyamaza. Satini ikianza kumtoka mtu mkononi, Meissner ndiye anayetoa taarifa, na vidole vinakaza kabla mwenyewe hajafikiri. Kwa sababu hiyohiyo husikii tena shati ulilovaa tangu asubuhi. Lilipokuwa linaingia mwilini ulilisikia. Likitulia, wengi wa watoa habari wako wanaacha kulitaja.

Chini zaidi kuna vya Ruffini, vinavyohisi ngozi ikivutika, na vya Pacini, ambavyo mimi navipenda kuliko vyote. Filippo Pacini alikuwa bado mwanafunzi wa udaktari huko Italia, mwaka 1831, alipoviona akipasua mkono wa maiti, kwa macho matupu, maana kimoja kinafika urefu wa milimita moja. Ukikikata katikati utakuta matabaka juu ya matabaka kama kitunguu, na ncha ya neva iko katikati. Matabaka hayo humeza mgandamizo wa polepole na kupitisha mtetemo wa haraka tu, hasa ule wa mara 200 hadi 300 kwa sekunde. Nyuzi laini za kitambaa chini ya kidole kinachopita zinatoa mtetemo wa namna hiyo. Hivyo baba mkwe akikwambia "hiki kimechanganywa," Pacini amefanya sehemu kubwa ya kazi.

Ncha za vidole zimejaliwa vipokezi vingi vilivyosongamana. Chukua njiti mbili za meno, zitenganishe milimita tatu hivi, umguse nazo mumeo kwenye ncha ya kidole. Atasema ni mbili. Mguse nazo mgongoni, atasema ni moja, na itabidi uzitenganishe karibu sentimita nne ndipo azitambue kuwa mbili. Ubongo nao unapendelea. Daktari wa upasuaji Wilder Penfield, kule Montreal, alikuwa akiwapasua wagonjwa wakiwa macho na kugusa ubongo wao kwa umeme hafifu, akiwauliza wanasikia wapi. Ramani aliyoichapisha na mwenzake mwaka 1937 ilionyesha vidole na midomo vimepewa eneo kubwa, na mgongo wote umepewa kijisehemu.

Mguso wenyewe unageukaje kuwa habari? Kwenye utando wa ncha ya neva kuna vijilango vya protini. Ukibonyeza ngozi, utando unavutika, kijilango kinafunguka, chembe zenye chaji zinaingia, na umeme mdogo unazaliwa hapo na kukimbia juu. Kijilango kikuu cha mguso kinaitwa Piezo2. Kiligunduliwa katika maabara ya Ardem Patapoutian kule Marekani, matokeo yakatoka mwaka 2010. Mwaka 2021 alipewa Tuzo ya Nobel pamoja na David Julius, ambaye mwaka 1997 alikuwa ameonyesha kijilango cha moto. Na hicho alikipata kwa kufuata pilipili.

Hapo ndipo tunafika kwenye kaa la mkaa. Joto kali na maumivu havipokelewi na hao wanne niliowataja. Vinapokelewa na miisho ya neva iliyo wazi, isiyo na kifuko chochote, iliyotawanyika mpaka karibu na juu ya ngozi. Mingi ina kijilango kinachofunguka joto likifika kama nyuzijoto 43 za Selsiasi, na ukali wa pilipili unakifungua kijilango hichohicho. Ukikata pilipili kisha ukajigusa jicho unaungua bila moto, na ubongo hauna namna ya kujua tofauti.

Njia za kwenda juu nazo ni tofauti. Habari za mguso hupita kwenye nyuzi nene za neva zilizofunikwa kwa mafuta, zinazosafirisha kwa kasi ya mita 35 mpaka 75 kwa sekunde. Maumivu ya kuunguza na joto hupita kwenye nyuzi nyembamba kabisa zisizofunikwa, mwendo wake mita moja hivi kwa sekunde, wakati mwingine pungufu. Umeshawahi kujigonga kidole cha mguu kwenye kizingiti? Unajua umejigonga, unapata hata muda wa kusema "Mungu wangu," ndipo maumivu yenyewe mazito yanawasili.

Sukari ikikaa juu miaka, inaharibu nyuzi za neva na pia vimishipa vidogo vya damu vinavyozilisha. Mara nyingi nyuzi nyembamba ndizo zinazoumia mapema, na kwa baba mkwe za mguuni zimekwisha kiasi cha kutosha kwamba kaa halikutoa taarifa. Nyuzi nene nazo zimeguswa, ndiyo sababu pedeli imepotea chini ya wayo na anayumba akifumba macho. Kusimama kunahitaji habari kutoka kwenye nyayo, misuli na viungo. Habari hizo zikipungua, macho yanashika zamu, na yakifumbwa ukuta unatafutwa.

Umeuliza kwa nini mikono imepona. Ngozi ya mguu wake haina kosa lolote, mwanangu. Tatizo ni urefu wa neva. Chembe mama ya neva inayohudumia dole gumba la mguu haipo mguuni, iko kiunoni pembeni ya uti wa mgongo, na kutoka hapo uzi wake mmoja unateremka kama mita moja mpaka kidoleni. Chakula na vifaa vyote vya kuutengeneza vinatoka kule juu. Uzi mrefu kuliko yote ndio unaoanza kuharibika nchani. Kwa hiyo ganzi ya sukari huanza vidoleni miguuni, miguu yote miwili, ikapanda taratibu mfano wa soksi inayovutwa. Ikifika karibu na magoti, mara nyingi ndipo ncha za vidole vya mikono zinapoanza nazo, kwa kuwa neva za mkono ni fupi. Usimtishe mzee kwa hili, lakini usimfiche pia. Fundi anayeogopa kupoteza vidole vyake anaweza kumeza vidonge kila siku kuliko fundi anayeogopa kliniki tu.

Sasa shuka. Neva iliyoharibika nusu ni mbaya kuliko iliyokufa. Nyuzi zilizobaki, zikiwa na majeraha, hufyatua umeme zenyewe bila kuguswa na mtu, na ubongo unaopokea habari kutoka kwenye njia ya maumivu husoma maumivu: kuwaka, kuchomachoma sindano, kama umeme unapita. Usiku ni mbaya zaidi kwa sababu hakuna kazi wala redio ya kumshughulisha. Juu ya hapo, uti wa mgongo uliopigiwa kelele muda mrefu huwa mwepesi kupita kiasi, hata mguso mdogo unaokuja kwa nyuzi nene zilizosalia, wa blanketi tu, unapandishwa cheo na kuwa maumivu. Kwa hiyo mzee hana anachodanganya. Mguu mmoja unaweza kabisa kuwa na ganzi na kuwaka kwa wakati uleule, na madaktari wanaliona hili kila wiki. Boksi la mama chini ya blanketi ni akili nzuri sana. Hata wodini tulikuwa tunatumia fremu ya chuma kwa kazi hiyo.

Kuhusu ukoma, jirani hajakosea sana anapohusisha ganzi nao, ila ananong'ona mahali pa kusema. Bakteria wa ukoma hushambulia neva, hasa za sehemu za mwili zenye ubaridi, na dalili ya kutafuta ni baka lililopauka au jekundu ambalo halisikii mguso, au neva iliyonenepa. Ganzi inayoanza vidoleni miguu yote miwili kwa mtu mwenye sukari ya miaka ni hadithi nyingine. Daktari atamwangalia ngozi yote akivua nguo, dakika chache tu. Na hata ingekuwa ukoma, unatibika kwa dawa za miezi 6 au 12, na dawa hizo ni bure. KCMC wana kituo cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi kinachopokea madaktari kutoka nchi nyingi, hamko gizani.

Ya mganga sitaki kuyabishania na shangazi wa mumeo. Mwambie tu kwamba mguu wenye kidonda haungoji, na safari ya kwanza ni ya hospitali.

Kuna kipimo kidogo mnachoweza kufanya nyumbani, kimetoka Ipswich, Uingereza. Mzee alale, afumbe macho. Mguse kwa ncha ya kidole, kwa wepesi na kwa sekunde moja au mbili tu, kwenye ncha ya dole gumba, kidole cha katikati na kidole cha mwisho cha kila mguu. Usimtomase, usimpapase, usirudie kidole. Kila akisikia aseme "ndiyo." Vidole ni sita, akikosa viwili au zaidi, hisia ya kumkinga imepungua. Kama kwenu si heshima mkwe kushika miguu ya baba mkwe, basi amfanyie shemeji. Tena nasisitiza awe shemeji. Akiona baba yake amenyamaza wakati kidole kimeshagusa, sidhani kama atarudia maneno ya kujidekeza. Hospitali watatumia uzi wa plastiki unaopinda kwa uzito wa gramu 10, na pengine chuma cha kutetemeka kinachowekwa kwenye mfupa wa dole gumba. Kama ana miaka na sukari na hajawahi kupimwa hivyo, ombeni.

Dawa? Neva iliyokufa hairudishwi na kidonge, na anayewauzia stendi chupa ya kurudisha hisia anataka hela yenu. Kuishusha sukari na kuishikilia chini ndiyo njia ya kuzilinda zilizobaki, na hapo vidonge vya "siyo kila siku" ndiyo shida yenu kubwa kuliko kaa. Kuwaka kwa usiku kuna dawa zake, kama amitriptilini kwa dozi ndogo au gabapentini, lakini ni za kuandikiwa, maana amitriptilini kwa mzee mwenye matatizo ya moyo, ya mkojo au presha ya macho inaweza kuleta balaa. Diklofenaki mnayonunua dukani haisaidii maumivu ya neva na inasumbua figo ambazo sukari nayo inazisumbua. Kama anameza metformini kwa miaka, muulizeni daktari juu ya vitamini B12. Dawa hiyo huipunguza mwilini, na upungufu wake peke yake unaleta ganzi. Mbege nayo ina sehemu yake, pombe inaharibu neva zilezile. Hilo amwambie mke wake, wewe usiingie.

Mguu ambao hausemi unahitaji macho. Kila jioni mtu aukague: juu, chini, katikati ya vidole, kwa kioo ikiwa anajikagua mwenyewe. Kabla hajavaa kiatu, aingize mkono ndani apapase, maana kokoto itakayokaa mle kutwa yeye hataijua. Maji ya kuoga yapimwe kwa kiwiko chake au kwa mkono wako, siyo kwa mguu. Ngozi ngumu isikatwe kwa wembe. Mafuta apake, ila si katikati ya vidole. Chupa ya maji moto kitandani marufuku, na jiko liwe mbali, soksi nene na blanketi vitoshe. (Na jiko la mkaa lisiingizwe chumba kilichofungwa, kwa mtu yeyote, hiyo hewa inaua watu wazima wenye hisia zote.)

Kibarazani kwake nina wasiwasi na pini. Mafundi wengi hukanyaga cherehani pekupeku, na sakafu ya fundi ina sindano zilizovunjika, pini, vipande vya waya. Mnunulieni sumaku, kijana wake wa kazi aipitishe chini kila asubuhi kabla mzee hajakaa, na yeye akae na viatu laini vya kufunika vidole, siyo ndala. Viatu nunueni jioni, miguu ikiwa imeshavimba kidogo.

Kuhusu kushona, utanichukia kwa hili: mpaka kidonda kifunge kabisa, asikanyage pedeli. Wayo unaobonyezwa sehemu ileile kutwa haufungi kidonda, na yeye hana maumivu ya kumwambia apumzike. Cherehani ya umeme haimsaidii sana kama itaongozwa na mguu huohuo, maana asiyesikia atabonyeza mpaka mwisho na mashine itamkimbia na kidole. Ipo cherehani ya kuzungusha kwa mkono, na ipo njia ambayo mafundi wazee wengi wameshaishika: kijana ananyoosha mishono mirefu, mzee anapima, anakata, anachagua kitambaa na kumalizia pindo kwa sindano ya mkono. Vidole vyake vina kazi hiyo bado.

Mkienda hospitali bebeni vidonge vyake vyote kwenye mfuko mmoja, hata vile alivyoacha, na daftari la kliniki. Msimjibie anapoulizwa anameza mara ngapi. Na kabla hamjatoka, ulizeni lini mara ya mwisho alipimwa figo na kuangaliwa macho kwa ndani, kwa sababu sukari iliyofika miguuni kwa namna hii huwa imeshapita na huko.